Tausi wa Mama Wafula

Kwa miaka minne Kamene alizunguka mitaa ya Eastlands na kamera moja kuukuu, akirekodi wanawake waliopigwa majumbani mwao. Alikuwa mzaliwa wa Kaloleni, binti ya dereva wa baraza la jiji, na wanawake walimwamini kwa kuwa hakuwa na pupa. Alikunywa chai yao kwanza. Wengine aliwatembelea mara tano kabla ya kufungua mkoba. Kumi na mmoja walikubali, mradi nyuso zao zisionekane.

Wa mwisho alikuwa Beldina wa Njiru, Mama Wafula, aliyevunjwa mkono mara mbili na mumewe Patrobas. Kamene alirekodi mikono tu, na sauti akaibadilisha ikawa nzito. Kochi hakulikumbuka. Nyuma ya mikono ile, kwenye kochi hilo, palitandikwa kitambaa alichofuma Beldina mwenyewe, chenye tausi wa rangi ya machungwa, na katika chama chao cha akina mama cha kuweka akiba hakuna mwingine aliyejua kufuma tausi.

Filamu ilionyeshwa Jumamosi moja katika ukumbi wa Kaloleni. Katikati yake mwanamke wa chama kile akamgusa jirani yake. "Haki, si huyo ni tausi wa Mama Wafula?" Wakacheka kidogo, bila ubaya. Kufikia jioni kipande hicho kilikuwa kimerekodiwa kwa simu na kumfikia Patrobas.

Safari hii hakumpiga. Aliwapeleka watoto wao watatu kwa mamake Bungoma, akarudi, akatia mlango kufuli mpya. Beldina akaenda kwa Kamene na nguo alizovaa. Walikwenda kwa wakili, kwa chifu, kwa polisi. Kila walikofika waliambiwa kwamba mtu haibi watoto wake mwenyewe. Wiki ya tatu Patrobas akatuma neno: Kamene asimame kanisani aseme Beldina alikuwa akiigiza, ndipo watoto warudi.

"Sema tu, dada," Beldina alimwambia. "Wewe una filamu. Mimi nina watoto."

Kamene akauliza itakuwaje mkono ukivunjwa tena.

"Mfupa huunga."

Jumapili, baada ya matangazo, Kamene alisimama mbele. Akasema Mama Wafula alimsaidia kuigiza, na kwamba Patrobas hakuwa na kosa. Watu wakapumua. Patrobas akainua mkono kwa adabu, kama mtu anayeuliza saa ya ibada.

"Na wale wengine kumi, madam?"

Kamene alimtazama Beldina, naye Beldina akatazama sakafu.

"Hata wao," Kamene akasema.

Kwenye benchi la nyuma alikuwepo Triza, mwanamke wa kwanza kabisa kumfungulia Kamene mlango na kumsimulia. Alichukua Biblia yake, akatoka pole pole.

Watoto waliletwa Jumatano, wawili. Yule mdogo, nyanya yake alisema, ameshazoea kule.