Nyaya za Kuanikia Vikwembe

Miaka ya vita, mji wa Kindu ulipokaa gizani na treni haikuja tena, wanawake wa mtaa mmoja wa Kasuku, upande mmoja wa mji huo, waliona kwamba nyaya za umeme zinafaa kuanikia nguo. Zilikuwa mbili, zimelegea kutoka kwenye nguzo mpaka kimo cha kichwa, zikapita uani kwa watu. Vikwembe vyote, vitenge vyao vya kujifunga, vilikauka pale, na habari zote za vita zilisimuliwa pale.

Aliyewasumbua ni Ephraïm, fundi wa umeme. Kila asubuhi alifika na multimetre, kipimo chake cha umeme, kabla hawajaanika. Alipima kwanza betri ya pikipiki, ajue kama kipimo ni kizima, kisha nyaya, kisha akarudi kwenye betri. Sindano moja ya kipimo aliibana kwenye waya, nyingine akaigusisha waya wa pili akiishika kwenye mpira wake, mkono uliobaki akauweka mgongoni.

"Yaya Ephraïm, maiti unaipima mara tatu?" walimcheka, wakimwita yaya kwa kuwa alikuwa kama kaka yao mkubwa.

Naye aliwajibu kwamba waya si maiti mpaka kipimo kiape mara mbili kwenye betri, kabla na baada.

Homa ilimchukua kabla vita havijaisha. Multimetre ikabaki kwa mdogo wake Okito, mtu wa haya, aliyepima kama kaka yake lakini bila utani. Akamwoa Emerance, mmoja wa wale waliokuwa wakicheka.

Mwaka huu jirani yao Alain, mwenye baa, alinunua jenereta. Asubuhi moja, ikinguruma, Okito alimkuta mkewe na beseni la vikwembe vilivyolowa, anaziendea nyaya zilezile kama alivyozoea tangu ujana. Akamwomba angoje. Alain akaapa kwamba fundi wake ametumia waya mpya, hizi za vita hazina kitu.

Okito alipima prizi ya jenereta, tundu la kuchomekea: volti mia mbili na kitu. Akapima nyaya: sifuri.

"Si unaona? Iko imekufa," Alain akasema, na wanywaji wakacheka.

Emerance alikwisha kuinua kikwembe cha kwanza. Okito alitamani ardhi immeze. Kurudi kwenye prizi mbele ya watu ilikuwa kama kumwita jirani mwongo.

"Mama Bénie, weka chini," alimwambia mkewe kwa sauti ndogo, akimwita kwa jina la mtoto wao. "Sijamaliza."

Akarudi kwenye prizi. Sifuri. Jenereta inanguruma, taa ya baa inawaka, na kipimo kinasema hakuna kitu. Alipoipapasa kamba ya sindano nyekundu, aliona imekatika ndani ya mpira. Akaweka nyingine, akaijaribu kwenye prizi, ikasoma. Akarudi kwenye nyaya.

Mia mbili na kitu.

Alain alikimbia kuzima jenereta. Fundi wake alikuwa ameziunga nyaya za zamani nyuma ya nyumba, kwa uvivu tu. Emerance aliitazama mikono yake inayochuruzika maji, halafu akatandaza vikwembe kwenye majani.

Baadaye akaja kukaa karibu na mumewe.

"Yaya Ephraïm angetutukana leo," akasema.

"Angetutukana sana."

Emerance akaanza kuwataja walioanika pale: Odette aliyecheka kuliko wote, Marie-Louise aliyevuka mto kwenda Alunguli asirudi tena, na mama aliyetoka Kibombo, aliyewapikia wote mchele siku risasi ziliponyamaza. Okito aliongeza jina moja moja. Vikwembe vilikauka upande mmoja, na hakuna aliyeinuka kuvigeuza.