Mwambie Mama Yako

Usiku ule baba alikuja kunituma tena. Alikuwa na mwaka mzima kaburini, nami nilidhani angalau kazi hiyo imekwisha.

Tangu nikiwa na miaka tisa, baba na mama hawakusemezana. Waliishi nyumba moja, wakala chungu kimoja, na katikati yao nilikuwa mimi. Mwambie mama yako shati halina kifungo. Mwulize baba yako kama anakula. Pazia la jikoni lilikuwa jepesi, kila mtu alisikia kila kitu, lakini ilinibidi nipite nikarudie neno kwa neno. Chanzo nilikijua: bibi, mzaa mama, alipofariki, baba hakutokea mazikoni. Mama hakumsamehe, na baba hakujieleza hadi anakufa.

Basi ndotoni nikamwona sebuleni, mchana kweupe, amekaa kwenye kiti chake, viatu vimejaa vumbi jekundu. Sikumwamkia. Mama anasikika jikoni, anakuna nazi.

"Mwambie mama yako nilifika," anasema.

Hasira inanipanda. Namwambia pazia ni hilo, apite mwenyewe, mimi nimechoka kuwa mdomo wao. Hanitazami. Anavua kiatu, anakung'uta vumbi, na hapo hapo tumeshasimama barabarani kijijini kwa bibi. Turubai limefungwa uani, wanawake wanalia, nasi tuko upande wa pili wa barabara, baba kofia mkononi.

"Nilichelewa. Walikuwa wameshamzika. Nikaona aibu kuingia."

Namsukuma aingie. Namsukuma kwa mikono miwili, kwa chuki kabisa, naye hasogei hata hatua.

"Mwambie," anarudia.

Nikaamka nimekunja ngumi. Jikoni mama alikuwa anamenya viazi. Nilikuwa nimeapa kitandani kwamba sitamfikishia, baba abaki na aibu yake huko huko. Lakini nilikuwa nimezoea mno kutumwa; nilijikuta nimeshamweleza yote, barabara, kofia, vumbi.

Mama hakushangaa. Alimaliza kiazi alichoshika, akakitia kwenye maji.

"Nilimwona," alisema. "Nikamwekea sahani, nikasubiri aingie."

Nikamuuliza kwa nini hakusema, miaka kumi na minne yote, nami naenda na kurudi kwenye lile pazia. Sauti yangu haikuwa ya heshima, na sikujali. Akachukua kiazi kingine.

"Akija tena," akasema, "mwambie."