Blaiti ya Babu

Mwezi uliopita, kambini Natta ninakowapikia watalii, mzee mmoja wa Kiingereza aliteguka mguu akashindwa kwenda kuangalia nyumbu. Nilipompelekea chai alicheka, akauonyesha ule mguu na kusema, “Blaiti.” Nusura birika liniponyoke. Neno hilo sikuwa nimelisikia tangu utoto wangu Itiryo.

Babu alikuwa askari wa Keya, jeshi la Mwingereza, akapigwa risasi ya paja vitani Burma. Kila jioni, ng'ombe wakishaingia zizini, aliniita kwa utani wake: “Mke wangu, njoo unipake blaiti yangu.” Nilimsugua lile kovu kwa samli ya moto hadi vidole vikanuka maziwa. Naye hakuacha kusema, “Mwenzangu hakupata yake.” Mwenzake huyo alikuwa kaka yake bibi, hakurudi. Bibi aliendelea kukoroga uji wake wa wimbi.

Mimi na kiherehere changu nikaenda kutamba na neno hilo shuleni, kwamba kovu kwa Kiingereza ni blaiti. Mwalimu wa Kiingereza alifungua kamusi yake ndogo, hakuliona, akanisimamisha mbele ya darasa. “Babu yako anakudanganya.” Walinicheka mpaka kengele. Aibu ile niliibeba moja kwa moja hadi nyumbani.

“Babu, mwalimu anasema hakuna Kiingereza kama hicho. Ni uongo.”

Hakugomba. Aliuvuta mguu taratibu kutoka mikononi mwangu, akaufunika blanketi. “Sawa, mwanangu.” Hakuniita tena mke wake, wala hakulitamka neno lile mpaka tunamzika.

Yule mzee wa kambini alinieleza vizuri. Blaiti ni nyumbani kwao, Uingereza. Askari wao walilitoa India, na huko lilitokana na Kiarabu, wilaya, lilelile lililotupa sisi neno Ulaya. Vitani likawa pia jina la jeraha lisiloua, la kukurudisha kwenu. Basi babu alipata la kumrudisha, shemeji yake akapata la kumuua. Niliingia stoo nikalia.

Jumapili nikaenda Itiryo. Boma liliuzwa zamani, zizi halipo, kaburi limezingirwa na mahindi ya watu nisiowajua.

“Shikamoo, babu,” nilisema. “Neno lako lipo. Blaiti ni Kiingereza kabisa.”

Mama mwenye shamba aliinua uso, akanitazama kidogo, kisha akaendelea kupalilia. Hakuniuliza blaiti ni nini.