Mpiga gitaa wa mkono wa kushoto

Leo nimegombana na mjukuu wangu kwa ajili ya mkono wa mtu!

Salima kanionyesha kwenye simu kifilamu kikuukuu, cha enzi sinema ndiyo kwanza zinaanza kutoa sauti. Kijana anampigia msichana gitaa chini ya dirisha, anaimba, anakubaliwa, basi.

Nikasema, "Hii naijua! Ila wameigeuza. Huyu alikuwa anapiga kwa mkono wa kushoto."

Salima akacheka mpaka simu ikamponyoka. "Bibi, umezeeka."

Nimezeeka? Ngojeni.

Wakati wa vita vya ukombozi Wareno walituletea filamu hiyo hapa Palma, kaskazini mwa Msumbiji, eti tuone kuwa wao ni watu wema. Wiki ile ile walikuwa wamemchukua baba yangu.

Shuka jeupe likatundikwa uwanjani. Mkuu wa posto, yaani kituo cha utawala cha Wareno, akaamuru wanawake tukae mbele, katikati ya askari wake.

Mama akakaza leso yake. "Sisi hatuketi na wanaume wasio wetu."

"Basi hamtaona kitu!"

Mama akazunguka, na wanawake wote nyuma yake. Tukaketi upande wa pili wa shuka. Picha ilipenya vizuri tu, ila imegeuka.

Mkuu akafoka. Hakunyanyuka mtu.

Salima akasema, "Kumbe Bibi uliiona kinyume."

Hapana. Kinyume ni kumchukua baba yangu, halafu uniite nije kutazama mapenzi.

Sisi tulikaa upande wetu.

Bibi zenu je, walikaa wapi?