Wifi katia sponji ya kochi kwenye raba za kukimbilia, na radhi natakiwa niombe mimi

Admin, jina langu lifiche, ila viatu usivifiche.

Mimi ni mwanamke wa miaka thelathini na sita, Mnyamwezi wa Tabora niliyeolewa na Mzaramo wa Kisarawe. Tunaishi Misugusugu, Kibaha. Nina watoto, mume mpole, na karakana ndogo ya viatu kwenye chumba cha mbele. Viatu sikuvisomea. Nilijifunza kwa kufumua vya wengine na kuangalia kilichomo ndani, tabia ambayo nikiitumia kwa watu naitwa mmbea.

Tunatengeneza raba za wanawake za kukimbilia. Siyo raba za kiume zilizopakwa rangi ya waridi. Mguu wa mwanamke mara nyingi ni mwembamba kisigino na mpana mbele, kwa hiyo tulichongesha kalibu zetu wenyewe, yale maumbo ya mguu ya kuundia kiatu. Kazi niligawana na wifi yangu, dada wa mume wangu: yeye anakwenda Kariakoo kutafuta soli, vitambaa na sponji, mimi na fundi tunaunda, na hakuna jozi inayotoka sijaikagua. Soli naivuta, mshono nauvuta, halafu nabonyeza kisigino kwa dole gumba. Sponji nzito inarudi papo hapo kama mtu aliyetukanwa. Ile dhaifu inabaki na shimo, inakutazama tu.

Wateja wetu wakubwa ni akina mama wa klabu ya jogging kule Kisarawe, na wifi ndiye katibu wao. Hivi karibuni nilikwenda Tabora kumuuguza mama yangu. Kurudi, nakuta oda ya klabu imeshatoka bila kukaguliwa, na magunia mengine ya raba kama hizo yamejaa karakana.

Jumapili nikaenda kukimbia nao. Mwenyekiti wao, nimwite Mama Chiku, alikuwa anachechemea.

"Mama, vipi tena?"

"Kisigino kinawaka moto, mwanangu. Uzee huo. Na mwili wenyewe si unauona?"

Wengine nao walikuwa na maumivu yao: huyu analaumu uzazi, yule anasema baridi. Hakuna aliyelaumu kiatu. Hilo ndilo lililonichoma. Mwanaume kiatu kikimuumiza anamtukana fundi. Sisi tunajitukana wenyewe. Nikainama nikabonyeza kisigino cha raba ya Mama Chiku. Shimo.

Tulipokaa kunywa chai nikasema, "Jamani, humo miguuni mmevaa makochi. Vueni."

Wifi hata chapati hakuimeza. "Msikilizeni Mnyamwezi wangu! Kaja kwetu pekupeku, leo anatufundisha viatu!"

Walicheka mpaka chai ikamwagika. Mnajua Wanyamwezi na Wazaramo ni watani. Tunaambiana lolote, hata msibani, na hakuna wa kununa. Nikaapa kwamba si utani. Wakacheka zaidi, maana mtani ndivyo anavyosema. Mmoja akaagiza jozi ya pili.

Nikamvuta wifi pembeni. "Umetia sponji gani?"

"Ile yetu imeadimika, ningefanyaje? Watu nimeshawaahidi. Halafu wifi, hawa wanakimbia mpaka pale kwenye kona, wanarudi kula chapati. Sponji nzito ya nini? Wanakwenda kuleta medali?"

"Ungeniambia, tungesubiri."

"Wewe huwajui wanawake wa huku. Hawasubiri."

Jumapili iliyofuata sikusema neno. Nilikwenda na kisu cha karakana, nikatoa raba mpya ya kwenye gunia na moja ya zile zetu za zamani, nikazipasua visigino mbele yao. Ya zamani ilikuwa imeshiba mpaka ukingoni. Ya gunia ikatema vipande vya rangi rangi, vile vya kujazia makochi. Kicheko kikakatika. Mama Chiku akaokota kipande, akakibonyeza.

"Kumbe si mimi," akasema.

Wifi alilia. Wiki hiyo hiyo nikaitwa kikao kwa mama mkwe, Vihingo.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Kaa hapo, mtani. Kusema tunakuruhusu, ndiyo kawaida yetu. Kumkatia mwenzio kiatu mbele za watu, huo si utani tena. Ni kumvua nguo."

"Mama, nikisema ni utani, nikikata ni aibu. Ukweli niupitishie mlango gani?"

Akataka kucheka, akajizuia. Hukumu ikatoka: niombe radhi mbele ya klabu, niseme iliyoharibika ilikuwa jozi ile moja tu. Zilizobaki kwenye magunia ziuzwe kwa akina mama wa Sofu, ambako habari hazijafika. Mume wangu njia nzima alikuwa ananibembeleza. "Mke wangu, meza tu. Ni dada yangu huyo." Kesho asubuhi wifi anakuja kuchukua magunia.

Sasa nisikilizeni vizuri. Kwa kumliza wifi, radhi nitamwomba, tena kwa magoti, maana ni mwenzangu na nampenda. Lakini kusema kwamba viatu vile ni vizima, sisemi, hata mkija wote na admin wenu. Akina mama wa Sofu nao wana visigino. Kwa hiyo msinishauri nimeze, na ndoa yangu msinishauri niiache, haina kosa.

Leo mchana nimemruhusu fundi aende zake, nikafunga mlango wa karakana, nikapasua raba zote za kwenye magunia, moja baada ya nyingine. Hakuna hata moja itakayofika Sofu. Mkono unaniuma ninavyoandika hapa. Mume wangu yuko njiani anarudi kutoka kazini na bado hajui. Wali uko tayari, mchuzi bado kidogo.

Nyie mliodumu kwenye ndoa, nishaurini upesi: nimwambie kabla hajala, au nimwache kwanza ashibe?