Mkalimani wa Rufaa ya Gongo

Mkalimani wa mahakama pale Shinyanga alikuwa na mazoea yaliyomshangaza Mama Ngolo, mfungwa aliyekata rufaa na aliyejua Kisukuma tu: kila aliposema kwa niaba ya mtu, aligeuka kuwa mtu huyo. Mzee mzima, mrefu, mwenye masharubu, alimwinamia jaji, viganja tumboni, akasema kwa sauti nyororo, "Mheshimiwa, nilikutwa na pombe haramu ya gongo, nakiri. Lakini mwaka mzima gerezani ni mrefu, nami bado nanyonyesha." Watu wakauma midomo wasicheke. Jaji alipotoa uamuzi, mkalimani akanyooka, mikono nyuma, akanguruma kwa Kisukuma kwamba adhabu imepunguzwa, muda aliokwisha kukaa ndani unatosha. Mama Ngolo hakusogea. Kwa ngurumo ile alidhani ameongezewa.

Ndipo mkalimani akamgeukia na kusema kwa sauti yake mwenyewe, nyembamba, ambayo mama huyo hakuwahi kuisikia: "Mayu, jaga kaya," yaani mama, nenda zako nyumbani. Mama Ngolo akapiga kigelegele kilichotikisa vioo vya madirisha.

"Anasemaje?" jaji akauliza.

Mkalimani akavuta pumzi, akafumbua kinywa, kisha akakifumba. "Mheshimiwa," akasema, "hilo naomba lipite lilivyo."