Saa Niliyorudishiwa Gitothua

Mwanangu aliponiambia kwamba mtoto wake, akizaliwa mvulana, atapewa jina la baba mkwe wake, nilikuwa nakunywa chai. Niliendelea kunywa mpaka ikaisha. Kwetu mvulana wa kwanza hubeba jina la baba wa baba yake. Hivyo ndivyo mtu anavyorudi duniani, kupitia mjukuu.

"Baba, hata wewe ulifanya hivyo hivyo," alisema, bila ubaya wowote.

Ni kweli. Yeye mwenyewe ana jina la baba wa mama yake. Mimi nilimruka baba yangu makusudi, na baada ya hapo tukazaa wasichana watupu. Jina la baba halikupata mtu wa kulibeba.

Baba alimfukuza mama nikiwa shule ya upili. Alimtolea vyombo nje, mvua ikavinyeshea, na mama akaenda kuishi Kalimoni kwa dada yake. Miaka mingi baadaye nilipopata mtoto wa kiume, baba alikuwa ameshakufa, na mama akaja nyumbani kwangu Thika kuniomba nimpe mtoto jina lile. Nikakataa. Hicho ndicho nilichokuwa nakumbuka: kwamba aliomba, na kwamba nilikataa. Mama naye sasa hayupo.

Nikajiunga na chuo cha wakati ili nirudi kwenye saa ile niseme ndiyo. Nilidhani nikisema ndiyo, jina la baba lingekuwa na mtu, na mwanangu hangekuwa na sababu ya kuniruka mimi.

Chuo kiko Gitothua, ndani ya stoo ya zamani ya kahawa. Kahawa yenyewe iling'olewa, zikajengwa nyumba za kupanga, na nguo za wapangaji huanikwa mpaka karibu na madirisha ya darasa. Kibao kinasema wanafundisha uganga wa wakati. Wahubiri wengine hukisema vibaya kanisani, na wengine nimewahi kuwakuta wameketi kwenye benchi wakisubiri zamu. Mwalimu ni mama wa rika langu, ambaye zamani alifundisha shule ya msingi, na bado huwapigia watu wazima meza wakipiga kelele.

Somo la kwanza ni chai iliyopoa. Unaishika kwa mikono miwili mpaka ianze kutoa mvuke. Nilipoweza, nilidhani nimeipasha moto. Mwalimu akaniambia ninywe. Haikuwa na sukari.

"Imerudi mpaka kabla ya kutiwa sukari," akasema. "Umeivuta sana."

Baadaye tulirudisha maganda kwenye viazi vilivyomenywa. Aliyekaa karibu nami alikuwa mwanamke anayeuza mitumba Kiuu, na hakuwa na subira.

"Guka," aliniita, kama wanavyoita babu huku kwetu, "wewe unataka kurudi wapi na magoti hayo?"

"Kwa mama yangu."

"Haiya! Mimi nataka asubuhi ile niliyomkubali mume wangu. Nimwambie nimeenda sokoni, nisirudi."

"Na watoto?"

Akaendelea na kiazi chake. Wiki iliyofuata hakuja, na hakuja tena.

Kabla ya mtu kurudishwa, mwalimu humwonya. Nami alinionya. "Saa hurudi na wewe wa saa ile. Hii akili ya leo utaiacha mlangoni pamoja na viatu. Hutabadilisha kitu. Utaona tu, na ukirudi utakumbuka vizuri."

"Mimi nimejiandaa, mwalimu," nilisema.

"Wote wamejiandaa."

Sikumsadiki. Nilidhani majuto yangu ni mazito kuliko ya wengine, na kwamba kwangu mambo yatakuwa tofauti. Huo ulikuwa upumbavu wangu, na niliufanya nikiwa mzee tayari.

Nikavua viatu, nikaketi, mwalimu akanishika viganja kama tunavyoshika kikombe. Nikawa sebuleni kwangu Thika. Mama alikuwa kwenye kiti karibu na mlango, hajavua kitambaa cha kichwa, maana hakuwa na hakika ya kukaribishwa. Mtoto alikuwa amelala mapajani pake.

"Mpe jina la baba yako," akasema.

"Mtu aliyekutupia sufuria kwenye matope?"

"Huyo huyo. Akipewa jina hilo nitamwita mume wangu, kama desturi. Nitamwogesha, nitamlisha. Nataka kukaa na mume wangu nisimwogope."

Nilikuwa kijana, nilikuwa na kazi kiwandani, na hasira ilikuwa tamu mdomoni. Hakuna aliyenilazimisha. Nilisema, "Mama, usirudie hayo maneno kwa nyumba yangu," na nikayasema kwa moyo wote, mara ya pili kama mara ya kwanza. Akaniwekea mtoto mikononi, akaenda.

Niliporudi, mwalimu alikuwa ameshika viatu vyangu. Nilijaribu kulia, kwa sababu niliona ndilo jambo la kufanya, lakini machozi hayakuja. Nikavaa viatu, nikatoka.

Mjukuu alizaliwa muda mfupi baadaye, mvulana. Nilienda Ruiru kumwona. Baba mkwe wa mwanangu alikuwa amefika kabla yangu, amembeba, na wanawake walikuwa wakimtania.

"Mjiangalie mlivyo wawili!"

"Mimi nimependeza," akajibu. "Lakini sikuwa na upara wa aina hii." Kisha akanigeukia, akaniita kwa heshima kama wakwe wanavyoitana huku kwetu. "Muthoni, njoo unishike. Mimi mdogo, si huyu mkubwa."

Watu wakacheka. Nikamshika mtoto, akapiga miayo. Nilingoja uchungu uje, haukuja, nikamrudisha.

Mwanangu alinisindikiza nilipoondoka. Barabara ilikuwa na tope la mvua ya jana. "Baba, umekasirika?"

"Hapana."

Kisha nikamweleza alichosema cucu yake, yaani mama yangu, siku ile, neno kwa neno: kumwogesha, kumlisha, kukaa naye bila kumwogopa. Alisimama.

"Mbona hukuwahi kuniambia?"

"Nilikuwa nimesahau. Nilibaki na ile hasira tu."

"Sasa jina limeshatolewa, baba."

"Najua. Na ni sawa."

Tukatembea kidogo. Akasema, "Tukipata mvulana mwingine, basi tutampa lako."

Hilo ndilo nililokuwa nalitaka tangu mwanzo, kabla ya chuo na kabla ya viazi.

"Mpe la baba yangu," nikasema. "Langu liacheni."

Alinishika kiwiko kwa sababu tulikuwa tumefika penye maji.

"Pitia huku," akasema. "Hapo utateleza."